Kabla ya Kwenda kwa Fundi

Labda kijana wako amekuja kwako amenuna. Wenzake wanacheza pamoja kwa intaneti, yeye hawezi kuingia. Sasa anataka fedha apeleke simu kwa fundi Kariakoo. Ngoja kwanza, usifungue mkoba.

Mwambie atume ujumbe wa kawaida kwa intaneti. Usipokwenda, huenda kifurushi kimekwisha au mtandao umelala. Ukienda, basi awaulize wenzake mambo mawili. La kwanza, toleo la mchezo: aliyesasisha na asiyesasisha mara nyingi hawakutani. La pili, eneo la seva: mmoja akichagua Ulaya na mwingine Asia, huenda wasionane, hata kama wote wanakaa Mtaa wa Msimbazi. Kisha azime simu na kuiwasha, aombe intaneti ya simu ya jirani kwa dakika tano. Mchezo ukifunguka, simu ni nzima. Kasoro iko njiani.

Na njia hiyo ni ndefu. Tarehe 12 Mei 2024 nyaya mbili za chini ya bahari, EASSy na Seacom, zilipata hitilafu, na intaneti ikadorora nchini kwetu. Je, siku ile fundi wa Kariakoo angetengeneza nini?

Lakini lililo kubwa ni hili: asimnunie rafiki yake akidhani amefungiwa mlango makusudi. Ampigie simu, amwulize kwa upole. Waya ukikatika huungwa. Urafiki ukikatika, kuuunga ni kazi.