Mcheza Kwao Hutunzwa? Wapi!

Ndani ya Mbuga ya Kitaifa ya Meru, upande wa Mto Ura, kuna kaburi la simba. Anaitwa Elsa na jina lake limeandikwa pale. Alikufa Januari 1961, na hadi leo kuna watu wanaopanda ndege kutoka Ulaya, wanalipa kiingilio, wanatikiswa na gari kwenye vumbi, kisha wanasimama hapo kimya kama wako kanisani. Sina ubaya na Elsa. Simba hakuomba kaburi, wala hakuomba filamu. Shida yangu ni sisi watu.

Wacha nianze na mwigizaji aliyelifanya kaburi hilo lijulikane. Virginia McKenna alizaliwa London mwaka 1931. Alipokuja Kenya alikuwa tayari jina kubwa kwao. Alikuwa ameshinda tuzo ya BAFTA kwa filamu ya 1956, A Town Like Alice, na mwaka 1958 alikuwa amecheza Violette Szabo, yule jasusi wa Uingereza ambaye mama yake alikuwa Mfaransa. Halafu yeye na mumewe, Bill Travers, wakaletwa huku kucheza Joy na George Adamson katika Born Free. Filamu ikatoka 1966. Muziki wake peke yake ulibeba Oscar mbili. Hadithi ni ya Meru, maana Meru ndiko Elsa alikojifunza kuwinda na kuishi huru, lakini kamera ziliwekwa Naro Moru, upande ule mwingine wa Mlima Kenya.

Sasa shuka kidogo kwenye orodha ya waigizaji. Chini ya hao wawili utakuta Peter Lukoye, aliyecheza Nuru. Utakuta Omar Chambati, aliyecheza Makedde. Nuru na Makedde walikuwa watu wa kweli, wako kwenye kitabu cha Joy Adamson cha 1960. Nuru ndiye aliyewalea Elsa na dada zake wakiwa vitoto vya kubebwa. Makedde alikuwa askari wa wanyamapori. Yaani simba huyo anayeliliwa na dunia nzima alilelewa na mikono ya watu wetu, na filamu ilipokuja, watu wetu wakaigiza mikono hiyo.

Nimeuliza Makutano pale Meru. Nimeuliza Embu, kwenye steji ya matatu na kwa wazee wanaocheza drafti. Elsa wanamjua. Joy Adamson wanamjua. Ukitaja Lukoye na Chambati, mtu anakuuliza kama ni wachezaji wa Gor Mahia.

Tulifundishwa shuleni kwamba mcheza kwao hutunzwa. Wapi! Aliyetunzwa ni mgeni.

Na usinielewe vibaya, McKenna simtukani. Alifanya kazi yake, na baadaye akafanya kubwa zaidi. Kulikuwa na ndovu mdogo aliyeitwa Pole Pole, aliyeigiza naye katika An Elephant Called Slowly. Serikali ya Kenya ikamtoa ndovu huyo zawadi kwa zuu ya London, na huko akafa mwaka 1983. McKenna na mumewe hawakulia tu. Mwaka 1984 wakaanzisha Zoo Check, shirika ambalo leo ndilo Born Free Foundation. Katika orodha ya heshima ya Mwaka Mpya 2023, Uingereza ikampa cheo cha Dame.

Angalia vile mambo yalivyofuatana. Aliigiza, jina likaandikwa, jina likafungua milango, na alipokuwa na jambo la kusema, dunia ikamsikiza. Kwa mwigizaji, jina ni mtaji kama vile shamba la miraa lilivyo mtaji kwa mzee wa Igembe. Ukimnyima mtu jina, hujamnyima sifa peke yake. Umemnyima kazi inayofuata, umemnyima sauti, umewanyima wanaokuja nyuma yake mtu wa kuiga.

Hata simba wa filamu walifikiriwa. Boy, Girl na Ugas walipomaliza kuigiza, George Adamson aliwachukua akawapeleka Meru kuwafunza maisha ya porini. Mwaka 1967 ikatoka filamu nyingine kuhusu maisha yao baada ya kamera kuzimwa, The Lions Are Free. Soma tena hapo. Kuna mtu aliyekaa chini akajiuliza, “Hawa simba wataendeleaje baada ya hii kazi?” Hilo swali liliulizwa kuhusu simba.

Najua majibu yanayokuja. La kwanza: huo ulikuwa ukoloni. Hapana, rafiki yangu. Mwaka 1966 bendera yetu ilikuwa imepepea zaidi ya miaka miwili. Na tukitaka kusema ukweli, Baimungi M'Marete, kiongozi wa Mau Mau wa Meru aliyetoka msituni uhuru ulipofika, aliuawa mwaka 1965 na vikosi vya serikali yetu wenyewe. Ni miaka ileile filamu yenye jina la kuzaliwa huru ilipokuwa ikitengenezwa kwenye miteremko ya mlima uleule. Mimi nimeona Born Free kwenye runinga mara tatu. Baimungi nilimsikia kwa shosho, tukichambua maharagwe. Kusahau watu wetu ni kazi tuliyoifanya kwa mikono yetu.

Jibu la pili: filamu ilileta watalii. Sawa, ilileta. Lakini pesa za geti hazizuii mtu kuandika majina mawili kwenye kibao. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Hakuna aliyesema mgeni njoo, mwenyeji afutwe.

Jibu la tatu ndilo linaniuma: mambo yamebadilika siku hizi. Mimi niliacha chuo mwaka wa pili karo ilipokwama, nikarudi Embu na kuandika makala za watu mtandaoni kwa malipo ya kila neno. Siku moja nikaskia kuna watu wanapiga filamu kwenye mashamba ya majani chai na wanataka ekstra. Nikaenda. Tulisimama kwenye baridi kuanzia saa kumi na moja alfajiri hadi giza. Tuliahidiwa elfu moja mia tano. Baada ya wiki tatu ikaingia mia saba kwenye M-Pesa. Nilimpigia aliyetuita nikamuuliza, si pesa, nilimuuliza kama majina yetu yatatokea mwishoni. Akacheka. “Sasa wewe, ulikuwa tu nyuma.”

Tulikuwa thelathini huko nyuma. Pamoja nasi kulikuwa na msichana aliyelia mbele ya kamera kwa kuambiwa mara moja tu, mpaka mtu wa sauti akanyamaza. Hakuna pahali jina lake limeandikwa. Kesho akienda kuomba kazi nyingine, atasema alifanya nini, na nani atamwamini?

Na hata anayefika juu, tunamlipa kwa fujo. Mwaka 2018 Rafiki ya Wanuri Kahiu ilikuwa filamu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa rasmi Cannes, Ufaransa. Hapa nyumbani ikapigwa marufuku, na mahakama ikaifungulia siku saba tu. Mwaka uliofuata Samantha Mugatsia akashinda tuzo ya mwigizaji bora wa kike FESPACO, Burkina Faso. Ilibidi mwigizaji wetu atunzwe Ouagadougou.

Kwa hivyo mimi sitaki hotuba ya “kukuza vipaji” wala fulana za kaunti. Nataka vitu vidogo. Kila anayesimama mbele ya kamera, hata kwa sekunde mbili, apewe karatasi yenye jina lake, kazi aliyofanya na malipo yake. Jina hilo litokee mwishoni. Gavana wa Meru au wa Embu, kabla ya kupiga picha na wenye kamera, aombe orodha ya majina na aihifadhi mahali mwananchi anaweza kuisoma. Na kando ya habari za Elsa pale mbugani, waandikwe Nuru na Makedde, waliomlinda simba huyo, pamoja na Lukoye na Chambati, waliowaigiza.

Na wewe unayesoma hii kwa simu, una kazi pia. Kwenye kibanda cha video ninachoendaga, filamu ikiisha tu jamaa anaizima aweke nyingine. Juzi nilimwambia aache majina yapite. Akaniuliza, “Kwani unatafuta nani?” Nikamwambia natafuta watu wa nyuma. Wenzangu walinuna, lakini tuliyasoma yote.