Mhusika Shinda Naye Ana Tumbo

Darasani tumefundishwa kuwagawa wahusika: mkuu, bapa, duara, shinda. Shinda ni yule anayewekwa ili wengine wasimame. Katika karatasi ya mtihani mgawanyo huo hauna ubaya. Ubaya unaanza pale watayarishaji wa filamu wanapoufanya kuwa kipimo cha malipo na cha utu.

Hapa Kajaga, ufukoni mwa Tanganyika, vijana huja kupiga filamu. Jirani yangu amekwisha kuigiza polisi, mganga na baba mkwe. Malipo yake ni nauli na chupa ya fanta. Hakuna karatasi aliyotia saini, na filamu ikiwekwa YouTube jina lake halimo. Akiuliza, anajibiwa: "Wewe umetokea mara tatu tu."

Mara tatu! Mwondoeni huyo baba mkwe anayekataa posa, tuone kama mapenzi ya kijana yatakuwa na kisa. Bila mwenye nyumba anayedai kodi, umaskini wa mpangaji tutauona wapi? Anayezuia na anayeleta habari ndio wanaosukuma hadithi.

Watasema soko letu ni dogo, hata nyota hawapati kitu. Hoja hiyo inawahukumu wenyewe. Amri Athumani wa Tanga, yaani King Majuto, alichekesha Afrika Mashariki kwa miaka mingi. Alipougua mwaka 2018, michango ilipitishwa kwa ajili ya matibabu yake, na Waziri Harrison Mwakyembe akaunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Majuto alifariki Agosti 8 mwaka huohuo. Ikiwa aliyeuza filamu kwa sura yake alifika hapo, aliyesimama nyuma yake ategemee nini? Udogo wa soko haumzuii mtu kuandika mkataba wa ukurasa mmoja, na kuorodhesha majina mwishoni mwa filamu hakugharimu hata faranga moja.

Nasi wanafunzi tuna deni. *Gito l'ingrat* ya Léonce Ngabo (1992), inayotajwa kuwa filamu ndefu ya kwanza ya Burundi, inamhusu kijana asiye na shukrani. Tunajua kwamba Joseph Kumbela ndiye aliyeigiza Gito. Ni wangapi kati yetu wanaoweza kuwataja waliomzunguka? Walimu wetu, tupeni mada za tasnifu juu ya watu hao. La sivyo, Gito ni sisi.