Ampuli moja iliyokufa, na maisha ya walio nyuma ya gari

Lubumbashi, Haut-Katanga. Kila asubuhi, kabla jua halijapanda, taxi-bus zinajipanga pembeni ya soko la Kenya. Nyuma yake wameketi akina mama na mabeseni ya mihogo, sombe na nyanya. Nyuma ya akina mama kuna watoto wao. Gari ikijaa, shofere anatia vitesi ya nyuma, reseveri anapiga bodi mara mbili kwa kiganja, na gari inaanza kurudi. Taa nyeupe iliyopaswa kuwaonya wale mama haiwaki. Haijawaka tangu siku nyingi. Hakuna anayeiulizia, kwa sababu shofere akiwa kwenye usukani haioni, na mwenye gari akiwa nyumbani kwake haioni. Anayeihitaji ni mtu aliye nyuma, na huyo hana sauti katika biashara ya gari.

Taa za mbele zikikufa, shofere anatafuta fundi siku hiyohiyo, maana usiku hawezi kufanya kazi bila kuona njia. Honi ikinyamaza, inatengenezwa kabla ya saa sita mchana. Lakini taa ya kurudi nyuma inaweza kukaa mwaka mzima imekufa, na gari inaendelea kuleta franga kila jioni. Hiyo si bahati mbaya. Mtu amepima faida yake na hatari ya mwenzake, akachagua faida yake.

Wanaoumia kwanza ni wale wasio na fasi yao wenyewe. Familia za wahami wa vita waliofika Lubumbashi kutoka Mitwaba, kutoka Pweto, ao kutoka Tanganyika na Kivu, mara nyingi zinapokelewa na ndugu katika parseli ambamo nyumba mbili ao tatu zinagawana uwanja mmoja. Katika uwanja huohuo kunalala gari ya mwenye parseli ao kamio ya mpangaji. Mchana wa joto, kivuli cha kamio ndicho kivuli kilicho karibu, na watoto wanachezea pale. Mtoto aliyekulia kijijini, fasi gari inapita mara chache, hajazoea kuchukua mlio wa injini kuwa onyo. Tena mtoto aliyechuchumaa nyuma ya kamio haonekani katika kioo chochote, hata shofere awe na macho makali namna gani. Kwa mtoto huyo, taa nyeupe ni neno la mwisho kabla ya gurudumu.

Usiku mambo yanazidi. Umeme ukikatika Katuba, Ruashi ao Kampemba, aveni nzima inabaki giza. Hapo taa hiyo inafanya kazi mbili: inamwambia aliye nyuma kwamba gari inakuja kwake, na inamwangazia shofere fasi anapoelekea. Ikikufa, wote wawili ni vipofu. Tena magari mengi ya mji huu yametoka Japani, yakapita Dar es Salaam na Kasumbalesa, usukani wake ukiwa kuume, katika nchi ambamo magari yanatembea upande wa kuume wa barabara. Shofere ameketi upande wa mtaro, na upande wa katikati ya barabara uko mbali na macho yake. Gari ya namna hiyo inahitaji taa zake zote kuliko gari nyingine.

Sababu zinazotolewa katika maegesho ni zilezile. Ya kwanza: “Reseveri yuko, anaangalia.” Reseveri yuko mlangoni, anahesabu franga na kuita abiria, mara nyingine gari inaanza kurudi kabla hajamaliza kufunga mlango. Mkono unaopiga bodi unasikika na shofere, lakini mama aliye katikati ya kelele za soko haujui maana yake. Ya pili: “Hakuna pesa, mwenye gari anadai yake kila jioni.” Hiyo ina ukweli ndani yake, na inaonyesha kwamba deni la kwanza ni la mwenye gari. Lakini ampuli ya taa hii ni kitu kidogo kinachouzwa mezani pembeni ya barabara, pamoja na fizibli na mafuta ya breki. Bei yake haifikii esansi inayochomwa nusu siku. Ya tatu: “Mambo ya umeme wa gari ni magumu.” Hiyo ndiyo inayostahili kujibiwa kwa urefu, kwa sababu wengi wanaiamini, na si kweli.

Kuijua taa iliyokufa hakuhitaji fundi. Gari isimame fasi tambarare, frei ya mkono ivutwe, jiwe liwekwe mbele na nyuma ya gurudumu, injini isiwake. Ufunguo ufikishwe kwenye kontakti, kisha vitesi ya nyuma iingie. Mtu mmoja aangalie akiwa pembeni, asisimame nyuma ya gari. Kama ni usiku na shofere yuko peke yake, asimamishe gari nyuma yake ikielekea ukuta: mwanga ukionekana ukutani, taa iko hai.

Matokeo yenyewe yanaonyesha ugonjwa uko wapi. Kama gari ina taa mbili na moja tu imekufa, umeme unafika nyuma. Basi tatizo liko katika ampuli, katika duyi yake, ao katika waya ya upande ule. Kama zote mbili zimekufa kwa pamoja, ni mara chache ampuli mbili kufa siku moja. Hapo fizibli itazamwe kwanza, kisha kontakteri ya bwati ya vitesi.

Ampuli inatolewa kwa kufungua kifuniko cha ndani cha taa, ao kwa kufungua skrubu mbili tatu za taa yenyewe, kisha duyi inazungushwa kidogo na kuvutwa. Ampuli ya zamani ipelekwe mezani kwa muuzaji ili aifananishe na mpya. Asinunue mtu kwa kukisia. Magari mengi ya Ulaya yanatumia ampuli ya chuma mviringo yenye vijino viwili, volti 12 na wati 21. Magari mengi ya Japani yanatumia ile ya kioo isiyo na kikombe cha chuma, inayochomekwa na kuvutwa moja kwa moja. Kamio nyingi kubwa zinatumia volti 24: ampuli ya volti 12 ikiwekwa huko inaungua palepale, na ya volti 24 katika gari ndogo inatoa mwanga wa kibatari. Ampuli ya breki yenye nyuzi mbili ndani haiingii sawasawa katika duyi ya taa hii, kwa sababu vijino vyake havikai katika kimo kimoja. Anayeilazimisha kwa koleo anaharibu duyi, halafu analaumu gari.

Ampuli mpya isipowaka, duyi itazamwe. Mvua za Novemba hadi Machi zinaingiza maji katika taa zilizopasuka, na vyuma vya ndani vinaota kutu ya kijani. Visuguliwe kwa msasa mwembamba mpaka ving'ae, na ufa uzibwe. Itazamwe pia waya inayofunga umeme kwenye bodi ya gari, ile mafundi wanayoiita masi: ikishika kutu ao skrubu yake ikilegea, taa inawaka hafifu, ao taa nyingine zinawaka fasi zisizopaswa. Katika magari ambayo taa hii iko kwenye mlango wa nyuma, waya zinapinda kila mlango unapofunguliwa, na baada ya miaka zinakatika ndani ya mpira wake karibu na bawaba. Katika taxi-bus, mlango huo unafunguliwa kila mara kwa ajili ya magunia.

Fizibli iliyokatika ibadilishwe kwa nyingine ya namba ileile. Haipaswi kuwekewa waya wa shaba wala karatasi inayong'aa ya pakiti ya sigara. Fizibli inakatika ili waya zisiungue. Anayeifunga kwa shaba ameamuru waya ziungue mahali pake, na gari iliyojaa abiria inaweza kushika moto. Fizibli mpya ikikatika tena palepale, kuna waya iliyochubuka inayogusa chuma, na hiyo ndiyo ya kutafutwa.

Kama fizibli ni nzima na ampuli ni nzima, inabaki kontakteri, kitu kidogo kilichofungwa kwenye bwati ya vitesi chenye waya mbili. Vitesi ya nyuma ikiingia, kinaunganisha umeme. Fundi anakichomoa, injini ikiwa imezimwa na ufunguo ukiwa kwenye kontakti, na kuunganisha ncha mbili za waya kwa kipande kifupi. Taa zikiwaka, kontakteri imekufa na inabadilishwa. Zisipowaka, waya imekatika njiani. Magari ya automatiki yana kontakteri yenye waya nyingi zaidi, na hapo ni vizuri kumwachia anayeijua. Kama ampuli mpya zinaungua kila wiki, chaji ya injini ipimwe: ikipita volti 15, alternateri inaua taa zote, na batri itafuata.

Hiyo ndiyo kazi yote. Fundi kijana wa pembeni ya barabara anaimaliza kabla chai yake haijapoa, isipokuwa waya iwe imekatika mahali pa kufichika. Basi kinachokosekana si ujuzi.

Kinachokosekana kinaonekana vizuri zaidi kwa kulinganisha na kazi za madini. Kwenye malango ya machimbo makubwa ya shaba na kobalti, gari inakaguliwa taa zake, na magari ya kazi yanapaswa kulia yanaporudi nyuma. Shofere anajua kwamba bila hiyo hataingia, basi anatengeneza. Shofere huyohuyo akitoka pale na kuingia mtaani, fasi wanapoishi watu wengi kuliko mgodini, hakuna lango wala anayemuuliza. Mji unaolinda njia ya shaba kuliko njia ya watoto unapaswa kuona haya.

Sheria haikosekani. Nchi ina sheria ya barabarani, namba 78-022 ya tarehe 30 Agosti 1978, na iliingia katika mkataba wa Vienna wa 1968 juu ya mwendo wa barabarani. Kuna ukaguzi wa ufundi pia, na karatasi yake. Lakini mara nyingi barabarani kinachoombwa ni karatasi, si taa. Askari anayesimamisha gari, akaona ampuli imekufa, akapokea franga kisha akaiachilia, hajaadhibu kosa; ameliuzia ruhusa ya siku moja. Shofere aliyelipa hivyo mara tatu amekwisha kulipa bei ya ampuli, na gari bado ni pofu. Adhabu yenye maana ni moja: gari isiondoke pale mpaka taa iwake. Muuzaji wa ampuli kwa kawaida hayuko mbali.

Kuna wanaosema kwamba mashofere wanateswa vya kutosha, na kwamba kelele juu ya taa zitawapa askari kisingizio kingine. Hofu hiyo ni ya haki. Lakini dawa yake ni taa inayowaka. Shofere ambaye taa zake zote zinawaka ana jibu mbele ya askari. Yule mwenye taa iliyokufa hana lolote zaidi ya mfuko wake.

Basi kila mmoja ana sehemu yake. Mwenye gari, kabla ya kupokea pesa ya jioni, aamuru vitesi ya nyuma itiwe na aende mwenyewe pembeni kuangalia. Vyama vya mashofere viweke ukaguzi huo katika maegesho kila Jumatatu asubuhi, bila malipo na bila karatasi. Shofere afute vumbi jekundu juu ya kioo cha taa, maana wakati wa kiangazi taa nzima inaweza kufunikwa isionekane. Asiweke taa za bluu ao nyekundu za mapambo mahali pa nyeupe, maana nyekundu inamwambia aliye nyuma kwamba gari inasimama, na huo ni uongo unaoua. Viongozi wa soko waache nafasi tupu kati ya magari na mabeseni ya akina mama.

Na wazazi, hasa wale waliofika karibuni, wawafundishe watoto mambo matatu leo jioni. Taa nyeupe nyuma ya gari maana yake gari inakuja. Injini ikiwaka, kila mtu anatoka kivulini. Na hata taa isipowaka, nyuma ya gari si uwanja wa kuchezea. Wamekimbia risasi kutoka mbali. Hawakuja Lubumbashi kufa chini ya gari inayorudi nyuma kwa sababu mtu mzima alikataa kununua ampuli.