Rufaa ya Ajira na Siku Zinazohesabiwa

Muuguzi wa zahanati ya Mbogwe au Kishapu anayeondolewa kazini hukabiliwa na mambo mawili. La kwanza ni uamuzi wenyewe, ambao huenda una makosa na unaweza kubatilishwa. La pili ni kalenda, nayo haisikilizi hoja.

Aprili 28, 2017, ripoti ya uhakiki iliyokabidhiwa kwa Rais John Magufuli mjini Dodoma ilitaja watumishi wa umma 9,932 wenye vyeti vya kughushi. Sekta ya afya iliguswa. Walikuwamo walioghushi kweli, na hao hawana wa kuwatetea: mgonjwa ana haki ya kuhudumiwa na mtu aliyesomea kazi yake. Wapo pia waliodai kuwa wametajwa kimakosa. Kwa hao, swali la kwanza la kisheria haliwi kama wameonewa; huwa ni lini walilalamika.

Mtumishi asiyeridhika na uamuzi wa mamlaka yake ya nidhamu hukata rufaa, kwa kawaida Tume ya Utumishi wa Umma, ndani ya siku 45 tangu aupokee uamuzi huo. Marekebisho ya sheria ya mwaka 2016 yanamtaka amalize ngazi hizo za ndani kabla ya kwenda kwenye vyombo vya sheria za kazi. Hapa ndipo wengi hujikwaa. Mtu husikia jirani yake wa mgodini amefungua shauri Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambako madai ya kuachishwa kazi isivyo halali hupelekwa ndani ya siku 30, naye huenda huko. Baada ya miezi kadhaa anaambiwa amegonga mlango usio wake, na zile siku 45 zimekwisha. Mahakama ya Rufani, katika shauri la Fortunatus Masha dhidi ya William Shija lililoripotiwa mwaka 1997, ilikubali kwamba kuchelewa kwa aliyeanza mapema lakini kwa njia yenye kasoro si sawa na kuchelewa kwa aliyelala. Hata hivyo msamaha huo huombwa, na mwombaji hutakiwa kueleza kila siku iliyopita.

Kwa mwombaji wa kazi aliyeachwa katika uteuzi, njia mojawapo ni mapitio ya kimahakama, na kibali chake huombwa ndani ya miezi sita.

Ukali huu una sababu ambayo watu wa afya wanapaswa kuielewa kuliko wengine. Nafasi ya mkunga haikai wazi ikingoja hukumu; wajawazito wa Nyang'hwale hawawezi kuahirisha uchungu. Mwingine huajiriwa, hupanga chumba, huzoeleka kijijini. Kumrudisha wa kwanza baada ya miaka minne huweza kumtikisa wa pili ambaye hakukosa lolote.

Kwa hiyo ukomo wa muda ni wa haki. Kisicho cha haki ni neno “subiri, linashughulikiwa”, linalotolewa ofisini kwa sauti ya upole na bila maandishi. Mazungumzo na barua za kukumbushia hazisimamishi muda, lakini aliyeambiwa asubiri na mkubwa wake hudhani zinausimamisha. Kwa desturi ya utii iliyomo katika kazi ya afya, kumkatia rufaa mkuu aliyeahidi kusaidia huonekana utovu wa adabu. Si utovu wa adabu. Rufaa iliyopelekwa siku ya kumi inaweza kuondolewa baadaye jambo likitengemaa. Isiyopelekwa haiokolewi na ahadi.

Halmashauri nazo zina wajibu. Kila barua ya kumwondoa mtumishi ingepaswa kutaja rufaa inapelekwa wapi na ndani ya siku ngapi, na ikabidhiwe kwa saini yenye tarehe. Ni mistari miwili tu katika barua, kwa Kiswahili, ambacho tangu 2021 ndiyo lugha ya sheria na mahakama nchini.