Mitandio ya wanachuo: tatizo ni kalenda

Mtandio hauna bei ya msimu kama pamba wala bei ya dunia kama dhahabu. Hata hivyo, soko lake katika Shinyanga na Geita hutegemea bidhaa hizo mbili. Mwanachuo anayeuza mitandio hosteli asipolizingatia hilo, biashara yake itakufa kabla hajamaliza masomo.

Mtaji wa biashara hii kwa kawaida ni masalio ya bumu, mzigo hutoka Kariakoo, na wateja wa kwanza ni wenzake wa bweni. Kosa la kwanza ni kuyaita mauzo faida. Tuseme mitandio 20 imenunuliwa kwa Sh 4,000 na kuuzwa Sh 7,000 kila mmoja. Daftari litaonyesha faida ya Sh 60,000. Lakini mitano ikiwa imekopwa, na nauli ya mzigo ikiwa Sh 20,000, fedha iliyoongezeka mkononi ni Sh 5,000 tu.

Kosa la pili ni la kalenda. Mahitaji hupanda kuelekea Idi, nayo Idi hurudi nyuma kwa siku 11 hivi kila mwaka. Mwaka 2018 Idi el-Fitri ilikuwa katikati ya Juni, karibu na msimu wa kuuza pamba. Mwaka 2025 ilikuwa mwishoni mwa Machi, pamba ikiwa bado shambani. Mteja wa Shinyanga alikuwa na haja ya mtandio, ila fedha hakuwa nayo. Hapo ndipo mikopo huzaliwa.

Geita ni tofauti. Mgodi mkubwa ulianza uzalishaji mwaka 2000, soko la madini likafunguliwa 2019, na wachimbaji wadogo huuza dhahabu mwaka mzima. Mzigo wa Idi, kwa hiyo, upelekwe Geita na Kahama kwa fedha taslimu. Shinyanga ingojee pamba.

Mmoja peke yake hataweza nauli ya njia zote hizo. Mjini Shinyanga iko Taasisi ya Kizumbi, tawi la Chuo Kikuu cha Ushirika Moshi, ambako ushirika ni somo la darasani. Wanachuo watano wakichanga mtaji na kuagiza mzigo mmoja, somo hilo litakuwa limefika sokoni. Wasisahau kwamba bumu ni mkopo, na ndilo chakula chao.