Nyumba ya Milioni 5 Inayolipiwa Milioni 15

Chukua mkopo wa nyumba wa shilingi milioni 5 kwa riba ya asilimia 14. Ukiulipa kwa miaka 20, kila mwezi utatoa shilingi 62,176. Ukilalamika kwamba mzigo ni mzito, afisa wa mikopo atakushauri uurefushe hadi miaka 25, na malipo yatashuka hadi shilingi 60,188. Umepata nafuu ya shilingi 1,988 kwa mwezi. Nafuu hiyo itakugharimu shilingi 3,134,000 za ziada kabla benki haijakurudishia hatimiliki yako.

Naanza na hesabu hii kwa sababu mjadala wetu wa nyumba hapa Kenya umesimama juu ya swali moja: kwa mwezi unaweza kulipa ngapi? Wakala wa nyumba huliuliza, benki huliuliza, waziri hulirudia jukwaani. Swali la pili, yaani siku utakapolipa shilingi ya mwisho nyumba itakuwa imekugharimu ngapi, hukaa kimya. Kwa mkopo wa miaka 20 jibu ni shilingi 14,922,240. Kwa miaka 25 ni zaidi ya milioni 18. Kwa miaka 15, ambapo kila mwezi ungelipa 66,587, ingekuwa milioni 12 kasoro kidogo. Nyumba ni ileile, kuta ni zilezile, na riba haikubadilika hata kidogo. Kilichobadilika ni miaka, na miaka ndiyo bidhaa ghali kuliko zote zinazouzwa katika chumba kile.

Mwenzangu mmoja, mwalimu wa sekondari hapa Mombasa, aliwahi kuniletea stetimenti ya mkopo wake akiwa na hakika kwamba benki imekosea. Alikuwa amelipa miaka mitano bila kuruka mwezi hata mmoja, na deni lilionekana kama halijaguswa. Tulikaa barazani na kikokotoo mpaka magharibi ikaingia. Benki haikuwa imekosea. Tarakimu zake ni siri yake, lakini mwendo wake ulikuwa ule wa mfano wetu, na mwendo huo kila mkopaji anapaswa kuuona kwa macho yake.

Mwezi wa kwanza, deni ni milioni 5 kamili. Riba ya mwezi mmoja juu ya deni hilo ni shilingi 58,333. Katika shilingi 62,176 unazolipa, zinazobaki kupunguza deni ni 3,843 tu. Mwezi wa pili deni limepungua kwa hizo 3,843, basi riba nayo inapungua kwa shilingi 45 hivi. Ndivyo linavyotambaa. Ukimaliza miaka mitano umeshatoa shilingi 3,730,560, na deni bado ni takriban 4,669,000. Nusu ya deni huifikii mwaka wa kumi, kama wengi wanavyodhani. Unaifikia mwaka wa kumi na sita. Mtoto aliyezaliwa mwezi ule uliotia saini atakuwa na miaka kumi na mitano, na wewe ndiyo kwanza umefika katikati.

Hakuna aliyemwibia mwalimu yule. Riba hutozwa juu ya salio, na salio ni kubwa miaka ya mwanzo, basi riba ndiyo inayokula kwanza. Alichonyimwa ni jedwali la malipo, mwezi kwa mwezi, likiwekwa mbele yake kabla hajashika kalamu. Angeliona, huenda bado angekopa. Lakini angejua anachokifanya, na pengine asingeiacha bonasi yake ya mwaka wa pili ipotelee kwenye gari.

Hesabu hizi zote zinadhani riba itasimama asilimia 14 miaka yote, na mikopo mingi ya nyumba Kenya haina ahadi hiyo. Riba hupanda na kushuka kufuatana na ile ya Benki Kuu. Aliyekopa mwanzoni mwa 2022 alikopa wakati riba elekezi ya Benki Kuu ikiwa asilimia 7. Ilipofika Februari 2024 ilikuwa asilimia 13. Ilianza kushushwa Agosti mwaka huo, na hata hivyo Gavana Kamau Thugge alilazimika kuzihimiza benki hadharani zishushe na za kwao.

Tumrudie mkopaji wetu mwisho wa mwaka wa tano, deni likiwa 4,669,000 hivi. Riba ikipanda kutoka 14 hadi 17, riba ya mwezi peke yake inakuwa zaidi ya shilingi 66,000. Malipo yake ya zamani ya 62,176 hayatoshi hata kuilipa. Akiendelea kulipa kiasi kilekile, deni litaanza kukua huku yeye akilipa kwa uaminifu. Ili amalize ndani ya miaka 15 iliyobaki, itabidi alipe karibu shilingi 71,850 kila mwezi. Mara nyingi benki humpa njia nyingine, nayo ni kuongeza miaka. Tumekwisha kuona bei ya miaka.

Hapa kuna jambo la sheria ambalo kila nikilifikiria hunikera. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kinachotumika tangu 2007, kinasema kwamba mkopo ukishaharibika, yaani mkopaji akishindwa kuulipa, benki haiwezi kumdai riba inayozidi deni la msingi lililokuwepo siku ulipoharibika. Ni kanuni njema, na imewaokoa wengi wasifuatwe na madeni yanayozaana bila mwisho. Lakini inamlinda aliyeanguka. Yule anayejinyima na kulipa kila tarehe 5 kwa miaka 20 atalipa riba ya shilingi 9,922,000 juu ya mkopo wa milioni 5, karibu mara mbili ya alichokopa, na hakuna kifungu kilichoguswa. Sheria yetu iliona ubaya wa riba kulipita deni, kisha ikaufumbia macho pale inapolipwa kimyakimya.

Sisemi kwamba tuweke dari la riba. Tulijaribu. Kuanzia Septemba 2016 benki zilizuiwa kutoza zaidi ya pointi 4 juu ya riba ya Benki Kuu, nazo zikageuka kuikopesha serikali na kuwafungia mlango wafanyabiashara wadogo na watu wasio na mshahara wa kudumu. Sheria ile ikafutwa Novemba 2019. Somo lake lilikuwa chungu, na sitaki tulirudie.

Mtu wa benki atanijibu, na jibu lake lina uzito: shilingi ya mwaka wa ishirini si shilingi ya leo. Mfumuko wa bei huila. Mshahara nao hupanda, na malipo yanayokukaba leo yatakuwa mepesi mwaka wa kumi na tano. Kweli kabisa, na anayejumlisha shilingi za miaka 20 kama kwamba zote zina nguvu sawa anatia chumvi. Basi tuzipime kwa haki. Tuseme bei zinapanda kwa asilimia 6 kila mwaka. Ukiyarudisha malipo yote 240 kwenye thamani ya leo, yanafika takriban shilingi milioni 8.8. Yaani hata tukimpa mwenye benki hoja yake nzima, umeinunua milioni 5 kwa karibu milioni 9. Hoja imepunguza ukubwa wa tarakimu, haijaondoa swali.

Wengine watasema nyumba itapanda thamani. Inaweza. Lakini kinachopanda sana ni ardhi, na mwenye fleti ya ghorofa ya nne ana fungu dogo la ardhi na fungu kubwa la zege linalozeeka. Wa Mombasa tunalijua jambo la ardhi kwa namna yetu: mitaa mizima ya watu wenye nyumba bila ardhi, wanaomlipa mwenye kiwanja kodi ya ardhi, ambao hawawezi hata kuikaribia meza ya mkopo kwa sababu hawana hati ya kuweka rehani.

Gharama za pembeni nazipitia haraka. Ushuru wa stempu ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba mjini, basi nyumba ya milioni 5.5 ina shilingi 220,000 kabla hujapata funguo. Kuna wakili wako, na mara nyingi wakili wa benki pia unamlipa wewe. Mthamini, ada ya kushughulikia mkopo, bima ya nyumba, na bima ya maisha inayofuata mkopo hadi mwisho. Halafu kuna malipo ya kaunti na ada ya matunzo ya jengo, ambayo hayana mwaka wa mwisho.

Huku Pwani tuna mfano ambao haupati nafasi katika mjadala wa kitaifa, ingawa umo nchini tangu 2008 benki za kwanza zinazofuata sharia, Gulf African na First Community, zilipofungua milango. Katika murabaha, benki hununua kitu na kukuuzia kwa bei iliyoongezwa faida, na bei hiyo yote lazima itajwe siku ya mkataba. Haibadiliki Benki Kuu ikipandisha riba. Si lazima iwe nafuu. Nimeona mikataba ya murabaha iliyozidi mikopo ya kawaida, na njia nyingine ya ushirika unaopungua ina kodi inayoweza kupitiwa upya. Lakini mnunuzi wa murabaha anajua jumla yake kabla ya kutia saini, kwa sababu bila jumla hakuna mauzo. Mzee wangu mmoja wa Mji wa Kale, alipoonyeshwa ile milioni 14.9 ikiwa imeandikwa, aliuliza tu: mbona wengine hawaambiwi? Sikuwa na jibu, na sijalipata mpaka leo.

Ndiyo sababu nadhani sera yetu imeshika upande usio sahihi wa kamba. Kampuni ya KMRC, iliyoundwa 2018 ili kuzipa benki na Sacco fedha za muda mrefu, imefanya jambo la maana kwa kuwezesha mikopo yenye riba chini ya asilimia 10. Mkopo wetu wa milioni 5 kwa asilimia 9.5 na miaka 20 una malipo ya 46,607 na jumla ya milioni 11.2 hivi. Pointi nne na nusu zimeokoa milioni 3.7. Hapo pana faida ya kweli na inastahili pongezi. Lakini muda mrefu nao husifiwa kama zawadi, na si zawadi. Kushusha riba humpunguzia mkopaji gharama. Kuongeza miaka humwongezea, na kumfanya asiihisi. Serikali inapoyaweka mawili hayo katika sentensi moja ya sifa, inawapotosha watu wake.

Nafuu ya kodi nayo ina kasoro hiyo. Tangu mwisho wa 2024 mwenye mkopo wa nyumba anaweza kukata riba hadi shilingi 360,000 kwa mwaka kutoka kwenye mapato yanayotozwa kodi. Kwa aliye katika ngazi ya asilimia 30, ni shilingi 108,000 zinazobaki mfukoni, na nani angezikataa. Lakini nafuu imefungwa kwenye riba. Anayelipa haraka ili kuipunguza riba anapoteza nafuu, na anayekaa ndani ya deni anaendelea kuipata. Na mikopo ya nyumba nchi nzima ni takriban 30,000 tu. Mwenye kujenga polepole kwa mchango wa chama, tofali juu ya tofali, mara nyingi hana anachokata.

Mwaka 2017 Benki Kuu na chama cha mabenki walizindua kikokotoo cha gharama ya mikopo mtandaoni. Ni hatua nzuri, lakini anayekifungua ni yule aliyekwisha kushuku. Ninachotaka ni kidogo na kinawezekana kesho: ukurasa wa kwanza wa kila mkataba wa mkopo wa nyumba, kwa Kiswahili na Kiingereza, uandike kwa shilingi jumla ya malipo yote, salio litakalobaki baada ya mwaka wa tano na wa kumi, na malipo yatakuwa ngapi riba ikipanda kwa pointi 3. Benki inazo tarakimu hizo tayari. Bunge likiagiza, zitachapishwa.

Mpaka hapo, msomaji, zidai mwenyewe. Omba jedwali zima la malipo, uende nalo nyumbani, ulale nalo siku mbili. Uliza kwa maandishi kama kuna faini ya kulipa mapema. Na ukiwa umeshakopa, usikate tamaa: kwenye mkopo ule wa milioni 5 kwa miaka 20, anayeongeza shilingi 5,000 kila mwezi tangu mwanzo, na kuhakikisha benki inaziingiza kupunguza deni, anamaliza kwa miaka 14 na miezi 7, na riba anayookoa inapita shilingi milioni 3.1.