Vitabu Vipo, Vinangoja Kutafutwa

Kila ifikapo tarehe 7 Julai, siku ambayo mwaka 2021 UNESCO iliitangaza kuwa Siku ya Kiswahili Duniani, hotuba nyingi husomwa majukwaani kuisifu lugha ya taifa. Sifa hizo ni za haki, kwani lugha hii iliwaunganisha wananchi wakati wa kudai uhuru na imeendelea kuwaunganisha. Hata hivyo liko swali ambalo majukwaani haliulizwi. Katika hao wanaopiga makofi, ni wangapi waliosoma kitabu cha Kiswahili mwaka huo bila kulazimishwa na mtihani au kazi ya ofisi? Swali hili linawahusu zaidi walimu na watumishi wa umma, kwa kuwa ndio waliosomeshwa kwa jasho la wakulima na wafanyakazi, na ndio wanaotazamwa na wengine kuwa wasomi.

Ukweli wa mambo ni kwamba wengi wao walifunga kitabu siku walipomaliza mtihani wa mwisho. Kwa miaka mingi mwanafunzi wa kidato cha nne aliijua fasihi ya Kiswahili kwa orodha fupi ya vitabu teule: Takadini, Watoto wa Mama N'tilie na Joka la Mdimu katika riwaya, Ngoswe, Orodha na Kilio Chetu katika tamthilia, Wasakatonge, Malenga Wapya na Mashairi ya Chekacheka katika ushairi. Hakuna anayedai kuwa vitabu hivyo ni vibaya. Ubaya ulianza pale orodha ya mtihani ilipochukuliwa kuwa ndiyo fasihi yote. Mwanafunzi alikariri dhamira, wahusika na mandhari, mara nyingi kutoka katika vijitabu vya maswali na majibu, bila hata kukishika kitabu chenyewe. Kisha mwanafunzi huyo akaenda chuoni, akawa mwalimu, na sasa anawafundisha wengine vile vile alivyofundishwa. Mwalimu wa namna hii akiulizwa na kijana, "Mwalimu, nimekipenda kitabu hiki, nisome kipi tena?" hana jibu. Na kijana asiyejibiwa swali hilo akiwa na miaka kumi na sita, si rahisi aliulize tena akiwa na miaka thelathini.

Hebu utazamwe mfano wa Aniceti Kitereza wa Ukerewe. Mzee huyu alimaliza mwaka 1945 kuandika kwa Kikerewe hadithi ndefu ya Bwana Myombekere na mkewe Bugonoka. Hakupata mchapishaji. Baadaye akaifasiri mwenyewe kwa Kiswahili, na ikabidi angoje hadi mwaka 1980 ndipo Tanzania Publishing House ilipoitoa kwa juzuu mbili. Mwandishi alifariki mwaka 1981. Miaka thelathini na mitano ilipita kati ya kalamu kuwekwa chini na kitabu kutoka, na katika miaka hiyo nchi ilipata uhuru, ikaungana na Zanzibar na kupitisha Azimio la Arusha.

Kitabu hicho kinasimulia habari za mume na mke wanaopendana lakini wamekaa muda mrefu bila mtoto. Ndugu wa pande zote mbili wanaingilia, mke anarudishwa kwao, na mume anapomfuata anatakiwa kutoa pombe ya ndizi kwa wakwe kabla ya kukubaliwa. Tena mwandishi hapiti haraka. Anaeleza pombe hiyo inavyopikwa, shamba linavyolimwa, mgonjwa anavyotibiwa, mgeni anavyopokewa, mpaka mzazi anavyotunzwa baada ya kujifungua. Ofisa kilimo aliyepangiwa kazi Ukerewe, au muuguzi anayetaka kujua kwa nini mama wa kijijini anasikiliza kwanza wakwe zake kisha ndipo aje zahanati, angepata humo maarifa ambayo hayamo katika jalada lolote la ofisi. Kitabu kimefasiriwa kwa Kijerumani, na mwaka 2002 kilitoka kwa Kiingereza kwa kazi ya Gabriel Ruhumbika. Ni aibu kuona kwamba mgeni anayetaka kuwajua Wakerewe wa zamani huenda amekisoma, ilhali ofisa anayewahudumia Wakerewe wa leo hajalisikia hata jina lake.

Visiwa hivyo hivyo vilimzaa Euphrase Kezilahabi, ambaye Rosa Mistika yake ya mwaka 1971 iliwahi kupigwa marufuku shuleni, kisha baadaye ikasomeshwa katika shule hizo hizo. Wengi wanamjua Kezilahabi kwa kitabu hicho tu. Wachache wamefuatana naye hadi Nagona na Mzingile, vitabu vyembamba vya miaka ya mwanzo ya 1990, ambavyo vinamtaka msomaji asiwe mvivu wa kufikiri na ambavyo havifanani na riwaya nyingine yoyote iliyotangulia katika lugha hii.

Wapo wasomi ambao wakisikia neno vitabu hufikiria vitabu vizito pekee. Hao huona riwaya ya upelelezi kuwa ni upuuzi wa kupotezea wakati, na mwalimu akimkuta mwanafunzi nayo humnyang'anya. Kasumba hii haina msingi. Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar, aliyemleta Bwana Msa katika Mzimu wa Watu wa Kale mwaka 1960, aliandika Kiswahili ambacho mwalimu yeyote wa lugha angepaswa kukitamani. Bwana Msa hafyatui bastola ovyo. Anakaa na kiko chake, anauliza, anapima maneno ya watu na kuutenga ushirikina na ushahidi. Je, hilo si somo kwa mtumishi wa umma anayepaswa kuamua shauri la wananchi wawili wanaogombea mpaka wa shamba? Faraji Katalambulla alifuata na Simu ya Kifo mwaka 1965. Elvis Musiba akamwumba Willy Gamba katika Kufa na Kupona ya mwaka 1974, mpelelezi anayesimama upande wa ukombozi wakati ambapo kusini mwa Afrika kulikuwa bado kunatawaliwa na makaburu na Wareno. Ben Mtobwa akaja na Joram Kiango wake. Vitabu hivyo vilipita mkono kwa mkono hadi vikachakaa majalada. Vilisomwa na makarani, madereva, askari na wanafunzi, tena bila semina wala waraka wa kuhimiza. Anayetaka taifa la wasomaji hawezi kuvidharau vitabu vilivyowafanya watu wasome.

Hali kadhalika mpenzi wa riwaya hana sababu ya kuishia katika riwaya. Penina Muhando alitoa Hatia mwaka 1972 na Nguzo Mama mwaka 1982, na tamthilia zake zinasomeka vizuri hata na mtu asiyeingia ukumbini. Shaaban Robert anasifiwa kwa mashairi na kwa Kusadikika, lakini mtu anayetaka kuona maisha ya mwanamke maskini aliyepanda kwa sauti yake mpaka akajulikana pwani yote na asome Wasifu wa Siti binti Saad. Katika tafsiri yumo Mwalimu Nyerere mwenyewe, aliyempa Shakespeare kanzu ya Kiswahili, naye Clement Ndulute aliyemleta Okonkwo wa Chinua Achebe. Mwezi Oktoba mwaka 2021 Abdulrazak Gurnah alipopewa Tuzo ya Nobel, wananchi wengi ndipo walipolisikia jina la mwana huyo wa Zanzibar kwa mara ya kwanza, ingawa alikuwa amekwisha kutoa riwaya kumi. Mwaka uliofuata Paradise ilitoka kwa Kiswahili kwa jina la Peponi, kwa kazi ya Ida Hadjivayanis. Udhuru wa kutojua Kiingereza umekwisha. Umebaki udhuru wa kutotafuta.

Jambo hili lina uzito hasa likikumbukwa lilipotoka. Mwaka 1967 watu wazima wapatao 67 katika kila mia nchini hawakujua kusoma wala kuandika. Zikafuata kampeni za elimu ya watu wazima, madarasa chini ya miembe, walimu wa kujitolea na maktaba za vijijini; na kufikia mwaka 1986 hesabu za Serikali zilionyesha kuwa wasiojua kusoma walikuwa wamepungua hadi chini ya 10 katika kila mia. Kazi hiyo ilisifiwa ulimwenguni. Lakini ujuzi wa kusoma ni kama jembe: likitundikwa ukutani huota kutu. Aliyefundishwa herufi akakosa kitu cha kusoma aliziacha herufi zile taratibu, na katika vijiji vingi ndivyo ilivyokuwa, kwani maktaba zilikosa vitabu vipya na vya zamani vikaliwa na mchwa.

Leo wengine watasema kwamba vitabu ni ghali na havipatikani. Malalamiko hayo yana ukweli, na si haki kuyapuuza. Katika miji mingi ya mikoani duka liitwalo la vitabu huuza madaftari, kalamu na vitabu vya kiada, basi. Mchapishaji naye anahofia kuchapa nakala nyingi za riwaya ambayo haimo katika muhtasari wa masomo, kwa sababu anajua kwamba itamlalia ghalani. Hivyo bei hupanda, msomaji hukimbia, na mchapishaji huthibitishiwa hofu yake. Lakini mtumishi ambaye hakosi fedha ya sare ya harusi kila mwezi hawezi kusema kwa uso mkavu kwamba kitabu kimoja kwa miezi mitatu kitamfilisi.

Wala si kweli kwamba waandishi wamekwisha. Tuzo ya Kiswahili ya Mabati-Cornell, iliyoanzishwa mwaka 2014 na ambayo sasa inaitwa Safal-Cornell, imetoa waandishi wapya wa riwaya na ushairi, na baadhi ya miswada yao imekuwa vitabu. Tuzo ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu, inayosimamiwa na Taasisi ya Elimu Tanzania, ilitolewa kwa mara ya kwanza mwaka 2023. Magazeti hupiga picha za washindi wakipokea hundi. Baada ya wiki moja ni nani anayekumbuka jina la kitabu? Mshindi amepata fedha, ni vyema. Alichokihitaji zaidi ni wasomaji, na hao hawatoki Hazina.

Njia za kuvifikia vitabu vipya hazihitaji bajeti kubwa. Bodi ya Huduma za Maktaba, iliyoundwa upya kwa sheria ya mwaka 1975, ina Maktaba Kuu Dar es Salaam, ambayo Mwalimu aliifungua tarehe 9 Desemba 1967, na ina maktaba mikoani. Wachapishaji wanapaswa kisheria kuwasilisha nakala za wanachokitoa. Maana yake ni kwamba orodha ya vitabu vilivyochapishwa nchini inawezekana kuwapo mahali pamoja. Inafaa isiishie katika makabati ya wakutubi, bali ipelekwe kila robo mwaka kwa maofisa elimu wa wilaya, nao waifikishe katika ofisi za walimu. Walimu kumi wa shule moja wakichanga na kununua kila mmoja kitabu cha utanzu wake, huyu tamthilia, yule wasifu, mwingine upelelezi, kisha wakabadilishana, mwaka hautakwisha bila kila mmoja wao kusoma vitabu kumi kwa bei ya kimoja. Mkuu wa shule asingoje waraka wa wizara kulianzisha jambo hilo.

Magazeti nayo hayana udhuru, na hili la Chama likiwamo. Kurasa za michezo hutoa habari za kila mchezaji aliyehama timu na hata za anayefikiria kuhama, ilhali riwaya mpya hutoka na kusahauliwa bila mstari mmoja. Safu moja kwa wiki ingetosha: jina la kitabu, mwandishi, mchapishaji, bei, duka kinakouzwa, na aya mbili za mtu aliyekisoma chote hadi ukurasa wa mwisho, akisema waziwazi kama kinafaa au hakifai.